Vipimo vya akili (IQ): nani aliamua jibu sahihi ni lipi?

#1 Kalamu ya Mkaa

Wakuu, salaam.

Kila baada ya muda mtu huirusha ile ramani ya dunia iliyopakwa rangi kwa wastani wa IQ, watu wanarushiana maneno kurasa nzima, mwisho uzi unafungwa na hakuna aliyejifunza kitu. Mimi nimesomea upimaji na ndiyo kazi yangu. Mjadala huu unanigusa kwa sababu nyuma ya kila alama kuna mtoto aliyehamishwa darasa au mtu aliyenyimwa kazi. Leo naomba tuiache ramani kwanza. Tuanze na swali lenyewe: linatungwaje, na nani aliamua kwamba jibu hili lipate alama na lile likose.

Mwaka 1931 na 1932 mwanasaikolojia wa Kisovieti, Alexander Luria, alikwenda Uzbekistan kuzungumza na wakulima ambao wengi wao hawakuwahi kukanyaga darasa. Aliwaonyesha picha nne: nyundo, msumeno, gogo na shoka. Kipi hakimo kwenye kundi? Wewe uliyesoma umeshajibu moyoni kwamba ni gogo, kwa kuwa vingine vyote ni zana. Mkulima mmoja wa miaka 39 alikataa kuondoa chochote. Msumeno ni wa kupasulia, shoka la kuchanjia, sasa bila gogo vitafanya kazi gani? Akaambiwa kuna mtu mwingine aliyeweka zana tatu pamoja na kuliacha gogo. Mkulima akasema pengine huyo bwana ana kuni tele kwake, lakini sisi tukibaki bila kuni hatutaweza kufanya kitu.

Kwa mwongozo wa kusahihisha, huyo kakosa. Lakini isikilizeni hoja yake: ina mpangilio, ina sababu, na ameitetea hata baada ya kushawishiwa. Luria alihitimisha kwamba fikra za kuainisha vitu huja na shule. Inawezekana ana ukweli wake. Ila kuna tukio la Liberia linalonizuia kuishia hapo.

Miaka ya 1960 Michael Cole na wenzake walikuwa wakifanya utafiti kwa Wakpelle. Mmoja wao, Joseph Glick, alisimulia baadaye kilichotokea walipowapa wakulima vitu 20 wavipange: vyakula, nguo, zana na vyombo vya jikoni. Mtafiti alitarajia mafungu manne. Wakulima wakaweka kisu pamoja na chungwa, kwa kuwa kisu ndicho kinachokata chungwa, na wakaeleza kwamba hivyo ndivyo mtu mwenye busara angefanya. Ikawa hivyo kila mara. Mwishowe mtafiti alichoka, akauliza: na mjinga angepangaje? Papo hapo vitu vikagawanywa mafungu manne safi, chakula kwa chakula, nguo kwa nguo, sawasawa na vile mwongozo ulivyotaka.

Rudieni aya hiyo taratibu. Uwezo wa kuainisha walikuwa nao muda wote. Walichokosa ni taarifa kwamba mgeni aliyekaa mbele yao anatoa alama kwa mpangilio ambao wao wanamwachia mjinga.

Hili ndilo ninalotaka tulijadili. Kabla mtahiniwa hajakaa kitini, kipimo kimeshaamua mtu mwenye akili anafikiri vipi, anajibu kwa kasi gani, na anazungumzaje na mtu asiyemfahamu. Anayetoka kwenye mazingira ya mtunzi anazijua kanuni hizo bila kuambiwa. Mwingine anapimwa vitu viwili kwa pamoja, swali na kanuni, kisha alama inatoka moja na hakuna anayeweza kuitenganisha.

Na mwanzo wake haukuwa hivyo. Alfred Binet na Théodore Simon walitoa kipimo chao Paris mwaka 1905 kwa kazi moja: kuwatambua watoto wanaohitaji msaada wa ziada shuleni. Binet alipinga wazi wazo kwamba akili ya mtu ni kiasi kisichobadilika. Kipimo kilipovuka bahari kikageuzwa kazi. Henry Goddard alikitumia kwa wahamiaji waliokuwa wakishuka meli Ellis Island, New York, na mwaka 1917 akachapisha kwamba takriban wanne kati ya kila watano wa Wayahudi, Wahungaria, Waitalia na Warusi aliowapima ni punguani. Watu waliomaliza safari ndefu ya meli, wanaulizwa maswali kupitia mkalimani, hawajui wanaulizwa kwa nini.

Mwaka huohuo jeshi la Marekani lilianza kuwapima askari wapya, kama milioni 1.7 kwa jumla, chini ya Robert Yerkes. Wasiojua kusoma Kiingereza walipewa kipimo cha picha kilichoitwa Beta, kikidhaniwa kuwa cha haki kwa sababu hakina maneno. Sehemu moja ilikuwa na picha 20 zilizopungukiwa kitu, na dakika 3 za kukichora: uwanja wa tenisi usio na wavu, gramafoni isiyo na tarumbeta, balbu isiyo na uzi wake wa ndani. Kulikuwa na picha ya nyumba isiyo na bomba la moshi. Askari mmoja wa Sicily aliitazama akachora msalaba juu yake, kwa kuwa nyumba za kwao zilikuwa na msalaba mahali hapo. Akawekewa kosa.

Nawaachia hapo kwanza. Karibuni.


#2 Jiwe la Pembeni

Mkuu Kalamu, uzi mzuri. Lakini hayo ni ya miaka mia iliyopita. Balbu na tenisi vimeshaondolewa. Sasa hivi kuna zile matriki za Raven: hakuna neno, hakuna picha ya kitu chochote, ni maumbo tu na nafasi moja iliyo wazi, uchague umbo linalokamilisha. Pembetatu ni pembetatu popote duniani. Hapo utamaduni umeingilia wapi?


#3 Kalamu ya Mkaa

Asante mkuu Jiwe, swali hilo ndilo kila mtu hulifikia, na hata wanasaikolojia waliliamini kwa miongo kadhaa. John Raven alichapisha matriki zake mwaka 1938. Raymond Cattell naye baadaye akatoa kipimo alichokiita cha haki kwa tamaduni zote. Wazo lilikuwa: toa maneno, toa vitu vya nyumbani, kitakachobaki ni akili tupu.

Tazama ukurasa wa matriki kama mtu ambaye hajawahi kuuona. Unatakiwa kujua kwamba alama zilizo kwenye karatasi zinasomwa kwa safu na kwa nguzo, kwamba mpangilio una maana, kwamba mtu usiyemjua ameficha kanuni humo na anataka uitafute, kwamba kati ya majibu yaliyo chini moja tu ndilo sahihi na mengine yamewekwa kukupoteza, na kwamba inafaa kulihangaikia jambo hili ingawa halileti faida yoyote mbele ya macho yako. Aliyesoma shule miaka sita amefanya mazoezi ya mambo hayo yote maelfu ya mara: jedwali, kalenda, ramani, maswali ya kuchagua.

Ushahidi mkubwa unatoka kwa James Flynn, aliyeonyesha kwenye miaka ya 1980 kwamba alama za IQ zilikuwa zikipanda kizazi baada ya kizazi katika nchi nyingi. Kilichowashangaza wengi ni mahali zilipopanda zaidi. Kwenye msamiati na maarifa ya jumla zilipanda kidogo. Kwenye matriki za Raven, kile kipimo kilichodhaniwa hakiguswi na mazingira, zilipanda sana. Vijana wa Uholanzi walioingia jeshini mwaka 1982 waliwazidi wale wa 1952 kwa kama pointi 20, kwenye kipimo ambacho wastani huwekwa kuwa 100. Miaka 30 tu, nchi ileile, kizazi cha baba na mwana. Damu haibadiliki kwa kasi hiyo. Vilivyobadilika ni shule, lishe, ukubwa wa familia, kazi, na mazoea ya kucheza na maumbo na alama. Watafiti waliolinganisha watoto wa vijijini Embu, Kenya, kati ya mwaka 1984 na 1998 nao walikuta alama za matriki zimepanda sana ndani ya miaka 14 tu.

Kwa hiyo, mkuu, pembetatu ni ileile. Uzoefu wa kukaa na karatasi ya pembetatu haulingani.

Niongeze moja ninalolipenda sana. Robert Serpell, aliyefanya kazi Zambia kwa miaka mingi, alichapisha mwaka 1979 utafiti ambao watoto wa Zambia na wa Uingereza walipewa kazi ileile, kunakili umbo, lakini kwa vifaa tofauti. Kwa karatasi na penseli, Waingereza waliongoza. Kwa waya, Wazambia waliongoza, maana kutengeneza magari na vitu vya kuchezea kwa waya ni mchezo wao wa kila siku. Kwa udongo wa kufinyanga, ambao pande zote mbili waliuzoea, walikuwa sawa. Kama ungekuwa na sehemu ya penseli peke yake ungeandika ripoti nzima kuhusu upungufu wa watoto wa Zambia. Kama ungekuwa na waya peke yake, ripoti ingeandikwa kuhusu Waingereza.


#4 Daftari Jeusi

Nimewasoma wote kwa makini na nitakwenda kinyume kidogo.

Kwanza, vipimo hivi vinatabiri. Ripoti ya kikosi kazi cha chama cha wanasaikolojia wa Marekani ya 1996 ilisema uhusiano kati ya IQ na alama za darasani ni takriban 0.5, ambapo 0 ni hakuna uhusiano na 1 ni uhusiano kamili. Katika saikolojia huo ni uhusiano mzito. Kama kipimo ni upuuzi wa kitamaduni, mbona kinajua nani atafaulu?

Pili, madai ya upendeleo yalishapelekwa mahakamani na kuchunguzwa. Kesi ya Chicago, 1980: jaji John Grady alisoma swali kwa swali vipimo vya IQ vya Wechsler na Stanford-Binet walivyopimwa navyo watoto weusi shuleni, akaona maswali 9 tu ndiyo yenye shaka, akakataa hoja ya upendeleo. Na kuna lile swali maarufu, ufanye nini mtoto mdogo kuliko wewe akianza kupigana nawe. Watu walisema linamwonea mtoto mweusi. Data zilipoangaliwa, halikuwa gumu zaidi kwao ukililinganisha na maswali mengine.

Nachosema ni kwamba tusitupe kifaa kwa sababu majibu yake hayatufurahishi.


#5 Kalamu ya Mkaa

Daftari, hoja zako ni za mtu aliyesoma na nitazijibu kwa heshima hiyohiyo.

Kutabiri: nakubali kabisa, kati ya watu waliokulia lugha moja na mfumo mmoja wa shule. Na kuna sababu. Binet alichagua maswali yake kwa kuangalia yapi yanawatenganisha watoto wanaofanya vizuri shuleni na wasiofanya vizuri. Kipimo kilitengenezwa kitabiri shule, kwa hiyo kinatabiri shule. Tatizo linaanza mtu anapochukua kipimo cha utayari wa shule ya aina fulani akakiita akili ya binadamu, kisha akakipeleka kwa mtu ambaye maisha yake yanadai akili ya aina nyingine.

Angalia Recife, Brazili. Mwaka 1985 Terezinha Nunes, David Carraher na Analúcia Schliemann walichapisha utafiti wa watoto wanaouza barabarani. Watafiti walijifanya wateja: nazi kadhaa ni bei gani, nikikupa noti hii unanirudishia ngapi? Watoto walipata asilimia 98 ya hesabu hizo. Siku chache baadaye walipewa hesabu za aina ileile kwa karatasi na penseli, tarakimu tupu zisizo na nazi. Wakapata asilimia 37. Mtoto ni yuleyule na hesabu ni ileile. Ukiwa na karatasi pekee mkononi utatabiri vizuri kabisa kwamba mtoto huyu atafeli hesabu darasani, na utabiri wako utatimia, na bado utakuwa hujajua anachoweza.

Kuhusu mahakama, ulitaja moja ukaacha ya mwaka mmoja kabla yake. California, 1979, kesi ya Larry P.: jaji Robert Peckham alipiga marufuku kutumia vipimo vya IQ kuwapeleka watoto weusi kwenye madarasa ya watoto wenye ulemavu wa akili. Watoto weusi walikuwa karibu asilimia 10 ya wanafunzi wa jimbo na karibu asilimia 25 ya waliomo kwenye madarasa hayo. Majaji wawili, vipimo vilevile, hukumu mbili. Mmoja aliangalia maneno ya maswali, mwingine akaangalia kipimo kinamfanyia nini mtoto. Mimi nasimama na wa pili. Mtoto akishaingia darasa lile alifundishwa mambo machache kiasi kwamba kurudi lilikuwa jambo gumu.

Hoja yako ya swali la kupigana ni ya kweli, na wapimaji wote wanapaswa kuisikia. Jicho la mtu halitoshi kujua swali lipi linaonea. Namwachia Bi Mizani aliyeniandikia pembeni kwamba ana la kusema hapo.


#6 Bi Mizani

Asante ndugu Kalamu. Mimi kazi yangu ni kurekebisha vipimo ili vitumike katika lugha nyingine, kwa hiyo nitazungumzia karakana badala ya historia.

Watu wanadhani kazi yetu ni kutafsiri. Unachukua swali, unalipeleka Kiswahili, mwingine ambaye hajaona la kwanza analirudisha lugha ya mwanzo, tunalinganisha. Hatua hiyo inakamata makosa ya maana. Ugumu wa swali haiushiki kabisa, na ugumu ndio alama.

Mfano ninaowapa vijana wanaoanza kazi. Kuna sehemu ya kukumbuka tarakimu: nakusomea mfululizo, wewe unarudia, nakuongezea moja moja mpaka ushindwe. Nani angesema hapo kuna utamaduni? Sasa zihesabu kwa sauti: moja, mbili, tatu, nne, tano, sita, saba, nane, tisa. Kila moja ina silabi mbili. Za Kiingereza, kutoka moja hadi tisa, zina silabi moja moja isipokuwa saba. Za Kichina ni silabi moja zote. Kumbukumbu ya muda mfupi ya sauti hubeba takriban kile unachoweza kukitamka ndani ya kama sekunde 2. Mwaka 1980 Ellis na Hennelly walionyesha hilo kwa wazungumzaji wa lugha mbili nchini Wales: watu walewale walikumbuka tarakimu chache zaidi kwa Kiwelshi kuliko kwa Kiingereza, kwa kuwa tarakimu za Kiwelshi huchukua muda mrefu kuzitamka. Ukitafsiri sehemu hii neno kwa neno halafu ukatumia jedwali la alama la Waingereza, yaani lile linaloonyesha watoto wa kila umri kwa kawaida hupata ngapi, umeshamkata mtoto alama kabla hajafungua mdomo. Tafsiri yako haina kosa hata moja.

Dawa yake ni jedwali jipya la alama lililotokana na watoto wanaozungumza lugha hiyo. Na hapo ndipo pesa zinapokwisha, kwa sababu jedwali linahitaji sampuli kubwa ya watoto wa kila umri, wa mjini na shamba, waliosoma na wasiosoma. Taasisi nyingi hutafsiri maswali na kuazima jedwali. Hili linanikera kuliko yote niliyoyaona kazini.

Kuhusu upendeleo wa swali moja moja: tunachofanya siku hizi ni kuwachukua watahiniwa wa makundi mawili wenye alama sawa za jumla, kisha tunaangalia kila swali peke yake. Kama wana alama sawa lakini swali la 14 linawaangusha wa kundi moja tu, swali la 14 lina jambo. Njia hii ni nzuri na ndiyo inayomsaidia Daftari kuliko jaji kusoma maswali kwa macho. Ila ina kikomo kimoja kikubwa: inalinganisha swali na maswali wenzake. Kama kipimo kizima kimeinama upande mmoja, maswali yote yataonekana yamenyooka.

Na kuna yale yasiyoandikwa kwenye swali. Saa ya kupimia, kwa mfano. Mallory Wober alichapisha mwaka 1974 utafiti wa Uganda: wanavijiji wa Buganda walihusisha akili na utaratibu, kutokurupuka, kufikiri kabla ya kusema. Mtoto aliyelelewa hivyo anapewa vipande vya mbao avipange na kila sekunde ina alama yake. Anavigeuza, anavitazama, anakutazama wewe. Anasubiri ruhusa. Nimeona jambo hilo mara nyingi: kitini yuko mtoto mwenye adabu, kwenye fomu anaandikwa mtoto mzito.

Au mpimaji anauliza kitu ambacho ni wazi anakijua. Kwenye familia nyingi mtu mzima humuuliza mtoto jambo asilolijua yeye: mama yuko wapi, mbuzi wamerudi? Kuulizwa na mkubwa mwenye jibu tayari ni mchezo wa darasani. Mtoto ambaye hajaingia mchezo huo hunyamaza akitafuta mtego uko wapi.


#7 Jiwe la Pembeni

Bi Mizani, hiyo ya tarakimu imenifungua macho. Nimekaa nahesabu kwa vidole.

Swali: basi kila jamii itunge kipimo chake? Tutafika?


#8 Bi Mizani

Imejaribiwa, na matokeo yanafundisha. Kilifi, Kenya, kuna vipimo vya ukuaji wa watoto vilivyotengenezwa palepale na kukaguliwa palepale. Malawi pia wanacho chao cha watoto wadogo. Vinafanya kazi nzuri ya kumtambua mtoto anayehitaji msaada, yaani kazi ileile ya Binet. Havijaribu kumlinganisha mtoto wa Kilifi na wa Paris, na hilo ndilo linalovipa nguvu.

Lakini usidhani ukishabadilisha vifaa umemaliza. Serpell aliwauliza watu wazima wa kijiji mashariki mwa Zambia, kati ya watoto wanaowafahamu, yupi wangemtuma kazi ya maana na kwa nini. Walitaja ujanja wa kuelewa mambo, na pamoja nao kuaminika na kuwajibika, kama kitu kimoja kisichogawanyika. Kisha akawapima watoto haohao, hata kwa vipimo vyenye vifaa vya kwao. Alama hazikuendana vizuri na makadirio ya wazee. Wazee walikuwa wakiangalia kitu ambacho hakuna kipimo chake mezani.

Na utafiti mwingine, wa Robert Sternberg na wenzake, uliochapishwa mwaka 2001, ulifanyika Usenge, magharibi mwa Kenya. Watoto walipimwa ujuzi wa miti ya dawa: ipi inatibu nini, kwa kiasi gani. Kwenye msamiati wa Kiingereza, waliojua dawa zaidi walielekea kupata alama ndogo. Maelezo ya watafiti ni kwamba familia huwekeza upande mmoja au mwingine. Mtoto ana saa zilezile za siku.


#9 Daftari Jeusi

Bi Mizani nimekuelewa, hasa pale kwenye kipimo kizima kuinama. Sikuwa nimelitazama hivyo.

Lakini kuna mtu lazima aseme: ile ramani. Afrika chini ya Sahara pointi 70. Mnaisemaje?


#10 Kalamu ya Mkaa

Tuiseme basi, kwa kuwa imetajwa.

Chanzo chake kikuu ni kitabu cha Richard Lynn na Tatu Vanhanen cha mwaka 2002. Waliorodhesha nchi 185. Nchi zenye data zilikuwa 81. Zile 104 zilizobaki zilikadiriwa kwa kuangalia nchi jirani au zinazodhaniwa kufanana nazo. Alama ya Guinea ya Ikweta, 59, ambayo ilikuwa ya chini kuliko zote, ilitoka kwenye kundi la watoto wa Kihispania, huko Hispania, waliokuwa na ulemavu wa ukuaji. Nchi nzima ya Afrika imepakwa rangi kwa alama za watoto wa Ulaya waliokuwa wakihitaji uangalizi maalumu. Mtu anayeirusha ramani hiyo humu huwa hajui hilo, na ndiyo maana sipendi kumtukana, napenda kumwambia.

Mwaka 2010 Jelte Wicherts na wenzake walizikusanya upya tafiti za Afrika kwa vigezo vilivyoandikwa wazi. Wastani ukatoka karibu 80 kwa jedwali la Uingereza, na wao wenyewe wakaonya kwamba ushahidi wa matriki kupima kitu kilekile kwa Waafrika ni hafifu. Sasa weka hiyo 80 karibu na Uholanzi. Ukiwapima Waholanzi wa 1952 kwa jedwali la 1982, wastani wao nao unakuwa karibu 80. Hakuna anayesema Uholanzi ya 1952 ilikuwa nchi ya watu wenye upungufu wa akili.

Na jeshi la Marekani lilishaona dalili hii mapema. Alama za wahamiaji zilipanda kadiri walivyoishi Marekani miaka mingi zaidi. Carl Brigham, mwanasaikolojia aliyezichambua alama hizo, mwaka 1923 alilieleza kwa kusema wahamiaji wa zamani walikuwa wa damu bora. Mwaka 1930 aliandika mwenyewe kwamba hitimisho lake halikuwa na msingi. Katikati ya miaka hiyo, 1924, Marekani ilikuwa imeshapitisha sheria ya kubana wahamiaji wa kusini na mashariki mwa Ulaya. Wanahistoria bado wanabishana vipimo vilichangia kiasi gani. Sheria ilidumu miongo.


#11 Mama Tunu

Habari zenu ndugu zangu. Mimi huwa nasoma tu, leo nimelazimika kuandika.

Tulihamia nchi nyingine kwa ajili ya kazi ya baba yake Tunu. Tunu ana miaka 9, na lugha ya hapa ameanza kuisikia miaka 2 iliyopita. Anacheza na wenzake, anaongea vizuri kabisa, hata mimi ananisahihisha. Shule imempima, wameniita wakanipa namba moja tu, 74, na wanapendekeza ahamishiwe darasa maalumu. Nyumbani huyu mtoto ndiye anayemfundisha mdogo wake kusoma Kiswahili. Sijui niulize nini, naogopa kuonekana mama mkorofi.


#12 Kalamu ya Mkaa

Mama Tunu, pole sana, na umefanya vyema kuandika. Kuuliza ni haki yako, wala si ukorofi.

Kwanza kabisa, kuongea vizuri uwanjani kunawadanganya walimu wengi. Jim Cummins wa Canada alipitia ripoti zaidi ya 400 za watoto wa wahamiaji waliopimwa na wanasaikolojia wa shule. Alikuta kwamba lugha ya mazungumzo huja ndani ya kama miaka 2, lakini lugha ya darasani, ile ya maswali ya kipimo, huchukua miaka 5 hadi 7 mtoto kuwafikia wenzake. Tunu yuko katikati ya pengo hilo hasa. Na mambo haya yalishafika mahakamani: California, 1970, kesi inayoitwa Diana, watoto wa familia za Kimeksiko waliopimwa kwa Kiingereza wakaitwa wenye upungufu. Makubaliano yaliyofikiwa yalitaka mtoto apimwe kwa lugha ya kwao pia.

Usiridhike na namba moja. Omba ripoti kamili kwa maandishi. Kama walitumia Wechsler ya watoto ya sasa, ina alama za sehemu tano: uelewa wa maneno, maumbo, kufikiri kwa mantiki, kumbukumbu na kasi. Ikiwa ya maneno iko chini sana na ya maumbo iko kawaida, ile 74 huenda inaonyesha zaidi kwamba bado anajifunza lugha. Uliza jedwali la alama lilitokana na watoto gani, na kama waliozungumza lugha nyingine nyumbani walikuwemo. Uliza pia mpimaji aliona nini akiwa naye: alisita, alisubiri, aliuliza maana ya neno?

Muhimu kuliko yote, namba peke yake haitoshi kumwita mtoto mwenye ulemavu wa akili. DSM-5 ya 2013, mwongozo wa madaktari wa akili wa Marekani wa kutambua matatizo ya akili na ukuaji, unataka uthibitisho wa jinsi anavyojimudu katika maisha ya kila siku. Hilo la kumfundisha mdogo wake kusoma liandike, na lisomwe kikaoni. Ni ushahidi.


#13 Bi Mizani

Naongezea, dada. Uliza kama kumbukumbu ya tarakimu alipimwa kwa lugha ya hapo. Na omba apimwe tena na mtu anayezungumza Kiswahili. Akikosekana, waombe watumie alama ya sehemu zisizotegemea maneno, kipo kipengele hicho kwenye kipimo chenyewe. Usitie saini karatasi ya kumhamisha kabla hujapata majibu.


#14 Mama Tunu

Nawashukuru sana, Mungu awabariki. Kikao ni wiki ijayo. Barua ya kuomba ripoti kamili naiandika usiku huu, na alama za zile sehemu tano nikizipata nitazileta hapahapa mnisaidie kuzisoma.